Karatasi Iliyoandikwa Pande Mbili

Vijana wangu, hata mkisahau yote nitakayowaambia, hili moja mlishike: choma kaboni yako kabla hujanywa chai.

Najua mnacheka. Mjukuu wangu aliniuliza juzi kama kaboni ni ule moshi wa magari. Kaboni ilikuwa karatasi nyembamba, nyeusi, yenye wino upande mmoja. Uliiweka kati ya karatasi mbili, ukachapa mara moja, ukapata nakala mbili. Sisi wenye vidole vigumu tulipata hata nne. Ubaya wake ni kwamba haikujua kunyamaza. Mtu akiiinua kaboni iliyotumika, akaielekeza dirishani, alisoma kila neno ulilochapa. Na katika miaka ile ya chama kimoja, hukujua ni nani angeiinua.

Nilifanya kazi ya kuchapa miaka ishirini na sita mjini Eldoret, katika chumba kilichokuwa juu ya duka la mabati na misumari la Mzee Hassan. Mwenye ofisi alikuwa Madam Teresia, mwanamke mfupi mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi mweusi. Ndiye aliyenifundisha kazi. Hakuwa mpole, na sitamsingizia upole kwa sababu amekufa. Ukikosea alikuambia, "Rahabu, hiyo mikono umeazima wapi? Mrudishie mwenyewe."

Wiki yangu ya kwanza nilimharibia mtihani wa shule nzima. Kazi ya nakala nyingi tuliichapa kwenye stensili, karatasi yenye nta ambayo baadaye ilivishwa mashine ya kuzungusha kwa mkono. Asubuhi za Julai hapa kwetu mnazijua. Baridi iliikausha nta ikawa ngumu, ukigonga herufi inapasuka. Nikaona nitumie akili, nikaisogeza stensili karibu na jiko la makaa tulilokuwa nalo ofisini. Nta ikayeyuka. Maswali yote ya jiografia yakadondoka majivuni, mito na milima pamoja. Madam aliniangalia, akatoa stensili mpya, akaniambia niitie ndani ya sweta, kifuani, nitembee nayo robo saa. Mpaka leo sijapata njia bora ya kupasha stensili moto, ingawa sasa hakuna anayeihitaji.

Jiko lile lilikuwa na kazi nyingine. Kila kaboni, kila karatasi iliyoharibika, ilikwenda humo. Hiyo ndiyo ilikuwa sheria ya Madam, na ndiyo sheria niliyoivunja. Sikuivunja kwa ujeuri. Niliivunja kwa sababu ya jinsi nilivyolelewa, na lazima niwaeleze.

Mimi nimezaliwa katika vibanda vya wafanyakazi, kwenye shamba la mahindi na ng'ombe nje ya mji. Baba alikufa nikiwa mdogo. Mama alilisha nguruwe wa mzungu. Shuleni sikuwa na daftari wala kalamu. Mwalimu akisema tuandike hesabu, mimi nilivuta sketi juu ya goti, nikachukua kijiti, nikaandika pajani. Ngozi yetu ilikuwa kavu kwa kukosa mafuta, kwa hiyo mistari ilitokea myeupe na kusomeka vizuri. Mwalimu alipita akisahihisha mapaja. Ukipata zote unatamani usioge, lakini ukitaka kuandika nyingine sharti uteme mate ufute. Sasa mwambie mtoto huyo, akishakua, atupe motoni karatasi ambayo upande mmoja ni mweupe kabisa. Hawezi. Mimi sikuweza. Kaboni nilichoma. Karatasi zilizoharibika, zile zisizo na siri, nilizificha kwenye droo yangu, upande mweupe ukiwa juu.

Niliona aibu kwa malezi yale. Ofisini nilidanganya kwamba baba yangu alikuwa karani. Nilijenga nyumba nzima ya uongo, yenye dari na viti vya kitambaa, na wateja walipouliza kwetu ni wapi nilijibu, "Hapa hapa mjini." Ningekufa na uongo huo kama si pakiti ya maziwa.

Mnaikumbuka, au wazazi wenu wanaikumbuka, ile pakiti ya pembe tatu watoto waliyopewa shuleni. Binti yangu Njeri alikuja nayo nyumbani siku moja ikiwa nusu, akasema imemchosha, akaimwaga mtaroni mbele yangu. Nikampiga kofi. Mtoto alinitazama, hakulia, akauliza, "Mama, kwani nimefanya nini?" Jibu lilikuwa kule vibandani, na kule nilikuwa nimeapa sirudi.

Kesho yake, saa ya chakula cha mchana, Madam alipoenda kula, nilitoa karatasi kwenye droo nikaanza kumwandikia Njeri jibu. Niliandika karatasi moja nikidhani imetosha, lakini baada ya miezi mitatu zilikuwa arobaini. Niliandika mapaja. Niliandika viroboto, na blanketi moja la watu wanne. Kila siku niliinuka pale nikiwa mwepesi kidogo, kama mtu aliyetua kuni. Kuandika hakukuniondolea umaskini, msinielewe vibaya. Kulinionyesha tu kwamba ule umaskini haukuwa kosa langu, na kwamba mama yangu, niliyekuwa namficha, ndiye mtu shujaa kuliko wote niliowahi kuwaona.

Na hapo ndipo balaa lilipoingia.

Lile shamba tulikozaliwa, mzungu alipoondoka, wafanyakazi walichanga wakalinunua kwa hisa. Mama alichanga pia. Miaka ikapita, vipande havigawanywi. Mwenyekiti wao alikuwa mtu mzito katika chama, mwenye beji kubwa kwenye koti, na ikaanza kusikika kwamba anawauzia watu wengine ardhi ile ile. Aliyeuliza swali mkutanoni aliambiwa anapinga serikali. Mnajua maana ya neno hilo wakati ule? Maana yake ilikuwa kuchukuliwa.

Basi Mzee Barnaba, aliyekuwa mkamuaji na rafiki wa marehemu baba, akapanda ngazi zetu akiwa amevaa gambuti za mpira. Alitoa kwenye soksi barua iliyoandikwa kwa penseli.

"Mama Njeri," alisema, "hii inaenda ofisi ya mkoa. Nitaipeleka kwa mkono. Mwenyekiti akijua ni akina nani wameandika, tumekwisha. Hapo chini tumeomba majina yafichwe."

Madam aliisoma yote, akavua miwani. "Mzee, hii ni moto."

"Najua, Madam. Ndio sababu sikuileta kwa mfuko wa shati."

Alinigeukia. "Rahabu, uamuzi ni wako. Vidole ni vyako."

Nilitazama orodha ya majina. Yalikuwa thelathini na moja. La kwanza lilikuwa la Mzee Barnaba. La saba lilikuwa la mama yangu. Nikakaa nikachapa.

Ukurasa wa majina niliuchapa mara mbili, kwa sababu mara ya kwanza niliruka jina moja. Hofu huruka majina. Barua ilipokwisha, Mzee Barnaba akaondoka nayo, nami nikachoma kaboni zote huku Madam akitazama. Ule ukurasa ulioharibika nilidhani nimeuchoma pia. Kumbe mkono wangu ulikuwa umeuona upande mweupe ukautia kwenye droo bila kuniuliza. Siku mbili baadaye, saa ya chakula, mkono ule ule ukautoa bila kuugeuza, nikauandika upande wa pili. Niliandika habari ya maziwa.

Wiki ya pili, nikiwa bado nachapa saa ya chakula, nilisikia ufagio ukigonga dari ya duka la chini, mara tatu. Ilikuwa ishara ya Mzee Hassan: kuna mtu anapanda ambaye si mteja.

Aliingia mwanamume mrefu mwenye koti la kahawia lililomfika magotini. Sikuwahi kujua jina la polisi huyo asiyevaa sare, tulimwita Bwana Koti. Hakusalimu. Alifunga mlango, akavuta kiti cha Madam, akakaa.

"Kuna barua imeenda mkoani," alisema. "Barua ya uchochezi. Mimi sijaiona, na huko juu hawataki kunionyesha. Lakini imechapwa hapa Eldoret, na iko na majina. Mimi nataka majina tu. Nimeshapita ofisi tatu za kuchapa. Hii ni ya nne."

"Hapa tunachapa mitihani na kadi za harusi," nilisema.

"Nimekuuliza?"

Akaanza na kikapu cha taka. Akakimwaga sakafuni, akapanga kila kipande. Akachukua kaboni iliyokuwa kwenye mashine, akaiinua dirishani, akasoma. Ilikuwa bei za mbolea. Akapekua kabati. Kisha akaniambia nisimame, akafungua droo yangu, akatoa karatasi zangu arobaini.

Nikakumbuka. Nawaapia, ni wakati ule tu nilipokumbuka ukurasa ule, jinsi mtu anavyokumbuka chungu alichokiacha jikoni akiwa tayari anasikia harufu ya kuungua. Nikashika ukingo wa meza.

"Hii ni nini?"

"Ni... ni hadithi ya nyumbani. Namwandikia mtoto."

"Kwa karatasi ya kazi?"

"Ni zilizoharibika, bwana. Nazitumia upande wa nyuma."

Kwa nini nilisema vile? Hofu ikiingia, mdomo hufungua milango yenyewe. Akageuza karatasi ya kwanza: kadi ya harusi. Akageuza ya pili: tangazo la mnada wa ng'ombe. Ya tatu, ya nne. Mtu yule alikuwa na subira ya mvuvi wa samaki wa mtoni. Nilihesabu naye. Nilijua ukurasa wa maziwa ulikuwa karibu na mwisho. Akilini nilimwona mama akivutwa nje ya kibanda chake, kitambaa kikimdondoka kichwani.

Alipoufikia, hakuugeuza. Macho yake yaliangukia mstari wa kwanza, akaanza kusoma.

Nitawaambia ulisema nini. Ulisema kwamba krimu ya shamba ilikwenda kiwandani, na maziwa yaliyobaki, mepesi kama maji, yalipewa nguruwe. Mama aliyabeba kwa debe hadi bandani. Sisi watoto tulikuwa tumejificha nyuma ya ukuta. Kabla ya kumwaga horini, mama alikohoa mara moja, nasi tulitoka na vikombe vyetu vya bati, tukachota mbele ya nguruwe wakipiga kelele. Siku moja mnyapara alituona. Mama akainama akanywa moja kwa moja kutoka horini, akiwa magotini, akasema, "Ni mimi tu, bwana, mimi ndiye mwenye tamaa," ili sisi tupate kukimbia.

Hilo ndilo nililokuwa sijawahi kumwambia mtu. Na mtu wa kwanza kulisoma akawa yule.

Alisoma polepole, midomo ikicheza. Alipomaliza alirudi juu akasoma tena. Kidole gumba chake kilikuwa kwenye kona ya karatasi, nami nilikitazama kidole kile kwa sababu kikisogea tu, tumekwisha.

"Shamba gani hili?" aliuliza.

"Ni zamani, bwana."

"Sisi tulikuwa tunaiba ya ndama," alisema. Hakuwa akiniambia mimi. "Upande wa juu huko. Mama yangu bado ako hai."

Aliikunja karatasi mara nne, akaitia mfuko wa ndani wa koti. "Hii naenda nayo. Nitamsomea." Zile nyingine akazirudisha mezani, akashuka ngazi.

Yaani alikuja kutafuta majina, akaondoka nayo kifuani pake, bila kujua.

Madam aliporudi nilimweleza yote. Nilitarajia matusi. Alivua miwani akaifuta kwa muda mrefu. "Usikimbie," alisema. "Anayekimbia ndiye anayefukuzwa. Kesho uje kazini saa mbili kama kawaida." Kisha akaongeza, kwa sauti niliyokuwa sijawahi kuisikia kwake, "Nilikuambia choma, mwanangu."

Jumapili nilienda kwa mama, nikamsihi ahamie kwa dada yake kwa muda. Nilimweleza sababu. Hakuuliza habari ya polisi. Aliuliza, "Umeandika kwamba nilikunywa horini?"

"Ndiyo, mama."

"Umeandika nilipiga magoti?"

"Ndiyo."

Nilidhani nimemvunjia heshima mbele ya dunia. Kisha akasema, "Basi uandike pia kwamba hakuna aliyelala njaa siku hiyo. Na mimi siendi popote. Nimekula na nguruwe, nitaogopa mtu wa koti?"

Jumatano iliyofuata walimchukua Mzee Barnaba. Jina la kwanza. Nilijua basi kwamba karatasi imegeuzwa, na kwamba wanashuka nayo moja moja. Kila asubuhi niliwauliza wauza maziwa waliotoka huko shambani kama mwenye jina la pili bado yuko. Yuko. La tatu? Yuko. Nilikuwa nachapa huku nikihesabu kuelekea saba. Niliharibu karatasi nyingi wiki hiyo, na zote nilizichoma.

Mzee Barnaba alikaa ndani siku nne. Alirudi akitembea kwa fimbo, na sikio moja halikusikia tena mpaka alipokufa. Nilimwendea nikilia kuomba msamaha. Akashangaa. "Msamaha wa nini? Mimi niliuzwa na kondakta aliyeniona nikishukia ofisi za mkoa. Walikuwa wanauliza majina hao, kutwa kucha. Kama wangekuwa nayo wangeuliza ya nini?"

Sikujua la kuamini. Karatasi ilikuwa kwa Bwana Koti, na majina hayakuwa kwa wenzake.

Alikuja tena baada ya mwezi mmoja hivi, saa ya chakula. Ufagio uligonga mara tatu. Safari hii hakukaa. Aliweka bahasha ya kaki juu ya mashine yangu.

"Nimemsomea mama," alisema. "Amelia, halafu amekasirika. Anasema kuna kitu umesahau."

"Kitu gani, bwana?"

"Povu. Anasema maziwa yakimwagwa yanatoa povu, na mtoto mdogo kabisa ndiye alikuwa anapewa povu, kwa kidole, kwa sababu haliwezi kumpalia. Anasema mtu aliyekuwa huko hawezi kusahau povu."

Ni kweli. Nilikuwa nimesahau. Mdogo wangu Muthoni ndiye aliyelamba povu, na hakufika miaka mitatu. Labda ndiyo sababu nilisahau.

Aliposhika mlango alisema bila kugeuka, "Mama Njeri, nunua karatasi mpya."

Nilifungua bahasha. Ukurasa wangu wa maziwa ulikuwa safi, umelainika mikunjoni kwa kufunguliwa mara nyingi. Nikaugeuza. Majina yote, kila moja, yalikuwa yamefunikwa kwa wino mweusi, mstari juu ya mstari, kwa rula, mpaka karatasi ilikuwa karibu kutoboka. La kwanza hadi la mwisho. La saba pia.

Vijana huniuliza kama Bwana Koti alikuwa mtu mwema. Sijui. Sikio la Mzee Barnaba liliharibiwa katika jengo alilofanyia kazi yeye, labda yeye akiwa chumba cha pili. Mtu anaweza kumfanyia mwenzake wema kwa mkono mmoja. Mkono ule mwingine sikuuona, na siwezi kuusemea. Shamba lilikuja kupimwa baadaye sana, na mama akapata kipande chake, cha mteremko, maji yanapotuama. Alikilima mpaka mwisho wake. Mimi naishi hapa mtaa wa Munyaka, na Njeri ana zile karatasi arobaini kwenye sanduku la bati. Alizisoma zote siku niliyomwomba msamaha wa kofi.

Siku ile Madam alirudi kutoka kula akanikuta nimeshika bahasha. Aliangalia wino, akaangalia majina yasiyosomeka, akaufungua mlango wa lile jiko la makaa akaniachia wazi. Nilielewa. Niliutia ukurasa ule motoni kwa mkono wangu mwenyewe, pande zote mbili, nao ukaungua upesi.

Kisha nilifungua kabati la Madam bila kumwomba ruhusa, naye hakuniuliza. Nikatoa karatasi mpya, nyeupe mbele na nyeupe nyuma, ya kwanza niliyopata kujitwalia maishani. Nikaivisha mashine, nikaanza upya habari ya maziwa, na mara hii nilianza na povu kwenye kidole cha mama, na Muthoni akifungua mdomo.